Mpango wa miaka mitatu, mti wa miaka sabini

Mpingo huhitaji miaka 70 hadi 100 kunenepa kiasi cha kutoa mbao ya klarineti. Mpango wa kampuni inayotengeneza klarineti hiyo hudumu miaka mitatu, halafu unatungwa mwingine. Mimi ni fundi wa vyombo vya muziki hapa Moshi, nina kibanda si mbali na soko la Mbuyuni, na mtu angedhani mipango ya kampuni za Japani na Marekani hainihusu. Inanihusu kwa sababu ya vipuri.

Kinanda kikiletwa kwangu, mara nyingi kimekufa kwa magonjwa yale yale. Adapta imeungua umeme uliporudi kwa nguvu, raba za chini ya funguo zimechoka, tundu la waya limelegea, au panya wameweka makazi (chumba cha vinanda kanisani mara nyingi ndicho hicho hicho cha kuwekea mahindi ya sikukuu ya mavuno, kwa hiyo msiwalaumu sana panya). Raba ninaagiza. Lakini kampuni ikishaacha kutengeneza toleo fulani, baada ya miaka kadhaa raba zake hazipatikani tena, na kinanda kilichonunuliwa kwa michango ya mtaa mzima kinabaki meza ya kuwekea vitabu vya nyimbo. Ndiyo maana nikaanza kusoma ripoti za mwaka za kampuni hizi. Zipo mtandaoni bure, yeyote anaweza kuzishusha. Nilikuwa natafuta jibu la swali moja dogo: hawa watu wanafikiria mbali kiasi gani?

Wateja wangu hawana swali hilo. Mzee wa kanisa akiingia anauliza bei, kisha anauliza kama "kina midundo". Mwalimu wa kwaya aliyemsindikiza anajaribu sebene, anatingisha kichwa, wanaanza kupatana. Yanaishia hapo.

Chukua Yamaha, maana ndiyo ninayoifungua mara nyingi zaidi mezani pangu. Mpango wao wa 2016 hadi 2019 uliitwa NEXT STAGE 12, na hiyo 12 ilikuwa asilimia ya faida ya uendeshaji waliyotaka kuifikia. Ukafuata Make Waves 1.0 hadi 2022, kisha Make Waves 2.0 hadi 2025. Juu ya mipango yote kuna dira, inayosema kwa maneno mazuri kwamba wanataka kuwa kampuni ambayo watu hawawezi kuikosa na yenye upekee unaong'aa. Nikisoma dira za namna hii nakumbuka mabango ya shule binafsi kwenye barabara ya Arusha, ambako kila shule ni kitovu cha ubora. Sisemi ni uongo. Nasema karatasi hiyo haikuambii kampuni ilifanya nini siku ambayo hakukuwa na mteja, na mimi siku hiyo ndiyo naitafuta. Kwa Yamaha inabidi urudi nyuma sana kuipata.

Mwaka 1887 shule moja ya msingi mjini Hamamatsu, Japani, ilikuwa na kinanda cha kukanyaga kwa miguu kilichotoka Marekani, jamii ya vile walivyotuletea wamisionari huku mlimani. Kikaharibika. Akaitwa Torakusu Yamaha, fundi aliyekuwa amejifunza saa na vifaa vya hospitali. Akakifungua, akakitengeneza, na kwa kuwa alishaona kilivyo ndani, akaamua kuunda cha kwake. Kilipokamilika, yeye na mwenzake wakakitundika kwenye mti wa kubebea, wakakitia mabegani, wakavuka milima ya Hakone hadi Tokyo, safari ya kilomita zipatazo 250, ili chuo cha muziki kikikague. Wakaambiwa kazi ya mikono ni nzuri ila sauti hazikupangwa sawasawa. Torakusu hakubishana. Alikaa pale chuoni kama mwezi hivi akisoma upangaji wa sauti, akarudi nyumbani kuunda kingine. Kampuni ilisajiliwa 1897 kwa jina la Nippon Gakki, na piano yake ya kwanza ya kusimama ikatoka 1900. Nembo yao mpaka leo ni vyuma vitatu vya ncha mbili, vile vinavyogongwa kutoa sauti ya kupimia.

Kwa mafundi wenzangu wanaosoma hapa: ndiyo, kampuni kubwa kuliko zote duniani katika vyombo vya muziki ilianzishwa na mtu wa kukarabati. Msivimbe kichwa, lakini mjue.

(Na kwa vijana wa bodaboda wanaonicheka wakiona nembo hiyo kwenye kinanda: kampuni ya pikipiki na injini za boti ilizaliwa humo humo, ikatengwa kuwa kampuni yake yenyewe mwaka 1955. Wakati wa vita kiwanda cha vyombo vya muziki kilikuwa kinatengeneza mapanga ya ndege, yale ya kuzunguka mbele, na mashine zilizobaki vita vilipokwisha ndizo zilizowafikisha kwenye injini.)

Sasa tufike 1954. Aliyekuwa rais wa kampuni ni Genichi Kawakami, aliyeshika usukani 1950. Mwaka 1953 alizunguka Ulaya na Marekani, akaona familia za kawaida zinapiga muziki nyumbani kwa kujifurahisha. Japani ilikuwa bado inajiokota kutoka vitani. Piano ilikuwa kitu cha matajiri, na hata ambaye angeweza kuinunua hakuwa na wa kumfundisha mwanawe. Mfanyabiashara wa kawaida angeshusha bei au kuongeza matangazo. Kawakami akafungua darasa. Lilianza kama majaribio Tokyo, la watoto wadogo, na badala ya kuanza na noti kwenye karatasi walianza kwa kusikiliza, kuimba na kucheza. Darasa hilo likaja kuwa shule za muziki za Yamaha, zikaenea Japani nzima, kisha nchi nyingi nje.

Hapo kuna kitu ambacho hakuna mpango wa miaka mitatu ungeweza kukiidhinisha. Mtoto wa miaka minne uliyemfundisha 1954 hanunui piano mwaka 1957. Ananunua 1980, akiwa na mtoto wake. Kampuni ililipa walimu kwa ajili ya mauzo ambayo Kawakami mwenyewe angeweza asiyaone.

Ndiyo sababu nasema biashara hii haifanani na ya sabuni au simu. Sabuni mteja anazaliwa anajua kuitumia. Simu atajifunza mwenyewe wiki moja akiwa kitandani. Piano, tarumbeta au gitaa bila mtu anayejua kupiga ni fanicha, tena fanicha mbaya, maana huwezi kuikalia. Kampuni ya vyombo vya muziki ina kazi ya kutengeneza chombo na kazi ya kutengeneza mtu, na ya pili ndiyo inayochukua muda mrefu. Yamaha wanaendelea nayo. Mwaka 2015 walianzisha mradi wa kuingiza upigaji wa vyombo kwenye shule za serikali katika nchi ambazo somo hilo halikuwa na vyombo, na zile filimbi zao za plastiki sasa zinapulizwa darasani Vietnam na Misri. Filimbi ya plastiki haina faida ya maana. Mtoto anayeipuliza ndiye hesabu.

Wamarekani waligundua jambo hilo hilo wakiwa wamechelewa, na wakaligundua kwa takwimu. Fender, watengenezaji wa gitaa tangu 1946, walijiuliza kwa nini wanauza gitaa nyingi kwa wanaoanza lakini soko halikui. Mkurugenzi wao wa wakati huo, Andy Mooney, akasema hadharani walichokikuta: katika kila watu kumi wanaonunua gitaa la kwanza, tisa huacha ndani ya mwaka mmoja. Yule mmoja anayebaki ndiye hununua la pili, la tatu, na spika, na nyuzi, maisha yake yote, hadi kufikia kama dola 10,000. Kwa hiyo kupunguza kidogo tu idadi ya wanaoacha kuna faida kuliko kubuni gitaa jipya. Mwaka 2017 wakatoa programu ya kufundishia kwa simu. Corona ilipofungia watu ndani mwaka 2020 wakaifungua bure kwa miezi kadhaa, na mwaka huo wakauza kuliko mwaka wowote uliotangulia katika historia yao.

Tisa kati ya kumi. Niliposoma hiyo nikafunga kibanda mapema, nikaenda kunywa chai Double Road nikiwaza wateja wangu.

Maana hapa Kilimanjaro tuna kitu ambacho Fender wangekilipia. Tunazo kwaya. Tunayo matarumbeta ya makanisa ya Kilutheri, tuliyoachiwa na Wajerumani wa Leipzig tukayafanya yetu, yanayoamsha kijiji alfajiri ya Pasaka. Vijana wale wale Jumamosi utawakuta juu ya pikapu mbele ya gari la maharusi, mashavu yamevimba, besi limezungushwa mwilini, wanapuliza kutoka Majengo hadi ukumbini bila kuchoka. Hakuna aliyewatoza ada. Kijana mkubwa anamshika mdogo, anamwonyesha vidole, anamkemea, mwaka ukiisha anapuliza. Mtu haachi, kwa sababu akiacha wenzake watamfuata nyumbani. Hilo ndilo darasa la Kawakami, ila sisi hatujawahi kuliita mkakati.

Tatizo letu liko kwenye kinanda. Tarumbeta huenda nyumbani na kijana. Kinanda hufungiwa. Ufunguo anao mhazini au mzee wa kanisa, na sababu yake ina maana, kwa kuwa kilichangiwa na watu na kikiharibika yeye ndiye ataulizwa. Matokeo yake chombo cha mamilioni hupigwa saa tatu kwa juma, na kwa wapigaji wale wale wawili. Mpigaji mmoja akihamia Dar kikazi na mwingine akiolewa Babati, naitwa kuja kukiangalia "hakilii vizuri siku hizi". Nakifungua, kizima kabisa. Asiyelia vizuri ni aliyekaa mbele yake.

Nimewahi kulisema hili mbele ya wenye maduka wa Arusha na Moshi tulipokutana kwa mambo ya mzigo. Nikasema, anayeuza kinanda auze na masomo, hata ya miezi miwili. Mmoja akanijibu, "Fundi, mimi nauza kontena, sifundishi doremi." Wakacheka, na mimi nikacheka. Lakini duka lake limejaa vinanda vya bei ya chini kutoka kiwanda ambacho mwaka kesho hakitakumbuka kama kiliwahi kutengeneza toleo hilo, na wanaonunua wanakuja kwangu kutafuta raba ambazo hazipo duniani. Wapo wanaofanya vizuri: Chuo Kikuu cha Makumira, pale Usa River, kinatoa shahada ya muziki, na wahitimu wake ukiwakuta kwenye kwaya unawatambua kabla hawajamaliza kupima sauti. Ila mhitimu wa shahada hawezi kuwa ndiye mlango wa kuingilia. Mlango ni mtoto wa darasa la tatu.

Kuna upande wa pili wa kufikiria mbali, nao ni kujua usichopaswa kuwa. Gibson, kampuni iliyoanzishwa 1902, yenye gitaa ambazo kila mpiga solo anaziota, iliamua ilikuwa ndogo mno. Bosi wake alitaka iwe kampuni ya maisha yote ya kimuziki, spika za sebuleni, vifaa vya masikioni, vyote. Mwaka 2014 ikanunua biashara ya sauti ya Philips kwa dola milioni 135. Tarehe 1 Mei 2018 ikaomba ulinzi wa mahakama dhidi ya wadai, madeni yakiwa ya mamia ya mamilioni ya dola. Gitaa zenyewe zilikuwa bado zinauzwa. Kilichowazamisha ni vitu ambavyo havikuwa gitaa. Kwenye karatasi mkakati ule uliitwa ukuaji.

Kampuni hiyo hiyo ilishagongwa na ukuta mwingine: mbao. Maofisa wa serikali ya Marekani waliivamia 2009 na tena 2011 kwa tuhuma za kuingiza mpingo wa aina nyingine kutoka Madagaska na mbao kutoka India kinyume cha sheria, na 2012 ikamaliza shauri kwa kulipa faini ya dola 300,000. Mtu aliyezoea kusoma mipango ya kampuni za simu anaweza kushangaa: kampuni ya muziki inavamiwa kwa sababu ya magogo? Lakini ukifungua gitaa, ni magogo. Klarineti ni gogo lililotobolewa.

Mfano ninaoupenda kuliko yote uko Kameruni. Taylor, watengenezaji wa gitaa wa California, walinunua kiwanda cha kupasua mbao Yaoundé mwaka 2011 pamoja na wenzao wa Hispania. Mbao ya huko, iitwayo ebony, inahitajika kwa ubao wa vidole kwenye shingo ya gitaa, na soko la dunia lilitaka iwe nyeusi tii. Bob Taylor akawauliza wakataji, wakamweleza: huwezi kujua rangi ya moyo wa mti mpaka uuangushe, kwa hiyo mti wenye michirizi ya rangi ya kahawia unaachwa chini uoze, na huenda ukaangusha kumi kupata mmoja mweusi. Alichofanya ni kutangaza kwamba kuanzia sasa atanunua na yenye michirizi, ataitumia hata kwenye gitaa zake za bei mbaya, na atawaambia wapigaji kwamba ndivyo mti ulivyo. Sauti haibadiliki. Kisha wakaanza kupanda miche. Mwaka 2021 kampuni ikawekwa mikononi mwa wafanyakazi wake wote, kwa hoja kwamba mwekezaji wa nje hawezi kusubiri mti. Wengine watasema ni ujanja wa kujitangaza. Labda. Ila ujanja ambao tija yake ataiona mjukuu, mimi nauheshimu.

Na hapo ndipo tunarudi nyumbani, maana klarineti, obo na filimbi ndogo za okestra, tena zile bora, hutengenezwa kwa mpingo, na Tanzania na Msumbiji ndizo nchi zinazoutoa kwa wingi. Ni ule ule wa vinyago vya Wamakonde. Mzito kiasi kwamba ukiutupa mtoni unazama. Mti wenyewe ni mkaidi: hukua umepinda, hugawanyika matawi mapema, na mara nyingi moyo wake una tundu au ufa. Ukishapasua gogo, ukitoa mafundo na nyufa na sehemu nyeupe ya nje, karibu tisa ya kumi huishia kuwa takataka. Buffet Crampon wa Ufaransa, waliopo tangu 1825, walichoka na hasara hiyo wakaanza kusaga mabaki. Wana klarineti inayotengenezwa kwa unga wa mpingo kwa asilimia 95, ukiunganishwa na nyuzi za kaboni na gundi. Inapigwa jukwaani na watu wazito.

Mwaka 2017 jamii nzima ya miti hii, pamoja na mpingo wetu, iliwekwa chini ya mkataba wa CITES unaosimamia biashara ya kimataifa ya viumbe walio hatarini. Ghafla chombo cha mpingo kikiuzwa nje ya nchi kilihitaji karatasi mpakani. Kelele zikawa nyingi, na 2019 vyombo vilivyokamilika vikasamehewa. Gogo halikusamehewa. Nafikiri ule mwaka wa kelele ndio ulioingiza msitu kwenye vyumba vya mikutano vya kampuni hizi kuliko semina zote.

Yamaha walikuwa wameshaanza. Kuanzia katikati ya miaka ya 2010 wamekuwa Kilwa wakifanya kazi na shirika la MCDI, lile la uhifadhi wa mpingo, na vijiji vyenye misitu yao wenyewe: kuhesabu miti, kuotesha miche, kutafiti namna ya kutumia vipande ambavyo zamani vilitupwa. Misingi iliwekwa na wanakijiji na sheria yetu. Sheria ya Misitu ya 2002 inaruhusu kijiji kumiliki hifadhi yake, kuvuna kwa mpango na kubaki na mapato. Mwaka 2009 vijiji vya Kikole na Kisangi vikapata cheti cha FSC, cheti cha kimataifa cha misitu inayotunzwa vizuri, vya kwanza Afrika kwa msitu wa asili unaosimamiwa na jamii. Ukisoma ripoti ya Japani utadhani habari ilianza na miche ya kampuni. Ilianza na mkutano wa kijiji chini ya mwembe au ofisini kwa mtendaji, watu wakikubaliana nani akate na nani asikate.

Hata huku Kaskazini hatukusubiri. Sebastian Chuwa, mtaalamu wa mimea wa Kilimanjaro aliyefanya kazi miaka mingi Ngorongoro, alianza kuotesha mpingo na vikundi vya vijana na shule za hapa. Mchonga mbao mmoja wa Texas, James Harris, alimwona kwenye filamu ya televisheni kuhusu mti huo, wakaandikiana, na 1996 ukazaliwa mradi wa kuhifadhi mpingo wenye makao hapa Moshi. Chuwa alifariki 2014. Miche yake iko kwenye mashamba na viwanja vya shule za tambarare, mingine haijafika unene wa mkono, na walioipanda wakiwa na sare za shule sasa wana watoto. Hakuwa na soko la hisa la kumuuliza faida ya robo mwaka. Ukitaka kuona dira ya miaka mia ya sekta hii, kwangu mimi iko kwenye miche ile kuliko kwenye kitabu chochote chenye picha za wakurugenzi.

Sasa hasira yangu ndogo. Moshi ina Chuo cha Viwanda vya Misitu, kinachofundisha upasuaji wa mbao na unoaji wa misumeno. Tuna mti. Tuna vijana wanaopuliza. Bado klarineti moja inayotoka kwenye gogo letu tunainunua kwa bei ambayo mwalimu wa shule hawezi kuilipa kwa mshahara wa mwaka. Najua sababu, sihitaji kuelezwa: kutoboa tundu la klarineti kunahitaji usahihi wa sehemu ndogo za milimita, mbao inakaushwa miaka, na funguo za chuma ni ufundi mwingine kabisa. Sidai tuanze na klarineti. Kuna vipande vidogo, pipa fupi la kuunganisha lililo chini ya mdomo wa kupulizia, filimbi rahisi ya tundu sita, ambavyo seremala mwenye mashine nzuri ya kukereza na subira anaweza kuvifanya. Rafiki yangu wa Pasua anakereza miguu ya vitanda na mikongojo ya mpingo kwa ajili ya watalii. Nimempelekea pipa la klarineti iliyokufa. Alilipima kwa kalipa, akaligeuza, akauliza, "Hiki kipande wanalipa shilingi ngapi?" Nilipomtajia, akakaa chini.

Kibandani kwangu, mkakati wa ukuaji ni mdogo zaidi. Anayenunua kinanda kwangu anapata mahali kwenye darasa la Jumamosi jioni, akae miezi mitatu, na mwalimu ni kijana wa Makumira ninayemlipa kwa sehemu ya faida. Wanaoacha ni wengi, Mooney hakudanganya. Ila wanaobaki wanaleta ndugu. Mwezi huu mama mmoja wa Soweto, mtaa wa hapa Moshi, alinijia na binti yake akauliza kama ada inaweza kuwa pamoja na kinanda cha kwenda nacho nyumbani, kwa sababu hawana na hawatanunua mpaka wamwone mtoto ana nia. Kwa hiyo tunaanza kukodisha. Ninavyo vilivyotelekezwa na wenyewe baada ya matengenezo, funguo 61, raba mpya. Bado tunabishana na mke wangu kuhusu dhamana: yeye anataka kitambulisho cha NIDA na barua ya balozi, mimi nasema barua ya mwalimu wa kwaya inatosha, maana kinanda kikipotea najua pa kumpata mwalimu huyo Jumapili.